Umeme Ulikatika Tukiwa Meksiko

Jumamosi, ukumbi wa akiba na mikopo, Chang'ombe.
Wachora vibao tisa, mshona viatu mmoja aliyefuata kivuli,
na Mwalimu Salanga wa Kondoa na projekta ya kuazima.
"Leo," akasema, "tunakwenda Meksiko."
Chilewa akauliza nauli.

Tukaanzia Ulaya, vitani: wachoraji wanakimbia
na ndoto zao masandukuni, zimekunjwa kama mashati.
Kazi yao ilikuwa na jina, usurealisti.
Ilikuwa na ilani, ilibaki kidogo iwe na mhuri,
na kanuni za kulala macho wazi.
Wakashuka melini, wakaingia sokoni
wawafundishe watu kuota.

Sokoni, bibi anauza mafuvu ya sukari,
kila fuvu na jina la mtu pajini.
Mgeni akalitafuta lake.
"La kwako," bibi akamwambia, "bado liko jikoni."

Hapo ndipo umeme ulipokatika.

Madirisha tulikuwa tumeyaziba kwa turubai,
giza likawa la ndani ya ngoma.
Mwalimu hakunyamaza.
Picha inayofuata, akasema,
ni mwanamke anayechana nywele,
kila unywele unaodondoka unageuka njia
na njia zote zinakwenda kwa mama yake.
Inayofuata: nyumba yenye mimba ya nyumba.
Inayofuata: kiti kinamsubiri mtu,
kimeota kucha kwa kusubiri.

Tukaziona. Wallahi tuliziona, ukutani, kubwa.
Njia zangu mimi zilikuwa na vumbi jekundu.
Chilewa anaapa nyumba yake ilipiga teke.
Mshona viatu alilia kidogo
na hatukumuuliza.

Kisha umeme ukarudi.
Kiti kilikuwa pale, kadiri ya kitabu cha hundi,
rangi imepauka, kucha zenyewe tatu.
Tukapiga makofi kwa adabu.

"Sasa hao wageni," nikauliza, "walileta ndoto au walizikuta?"
Mwalimu alikuwa anakunja waya.
"Walileta neno," akasema. "Usilidharau neno.
Ukimtajia mtu jina la kidonda chake hujampa kidonda,
ila anajua aende wodi gani.
Wenyeji wengine walilichukua kama jembe la kuazima,
wakalima shamba lao wenyewe.
Wengine walilirudisha siku ileile, likiwa na tope."

Nyumbani nikamsimulia mama.
"Wanawawekea marehemu chakula?"
Wanawawekea.
"Na pombe?"
Na pombe.
"Basi ni watu wa kawaida," akasema,
akaendelea kupepeta uwele.

Mwaka wa kumi na moja huu ninamchorea Masima bucha yake:
ng'ombe anayetabasamu, kavaa aproni,
mkono mmoja kisu, mwingine anakaribisha wateja
kwenye maini yake mwenyewe.
Kwa kinyozi nimechora vichwa sita visivyo na shingo
vikielea juu ya bei.
Hakuna aliyewahi kuniita kitu
zaidi ya "fundi, rangi inachubuka."

Na tunaishi wapi? Katika mji
ambao wazee wanasema ulipewa jina na tembo
aliyekuja kunywa maji, akadidimia topeni, kimya,
na juu yake tukaweka wizara.
Kiangazi, mto mkavu kama ulimi wa kasuku,
na zabibu zinaning'inia Hombolo kana kwamba hazijaambiwa.
Sikuhitaji meli.
Lakini nilihitaji lile giza la saa nzima, nakiri,
na mtu wa kusema: inayofuata.

Juzi Mbogoni, mchimba visima,
alinijia kwa ajili ya kibao na namba ya simu.
Akaniambia wako futi arobaini na mbili, nyuma ya ofisi mpya,
na sururu imegonga kitu kigumu
ambacho si jiwe.
"Kina joto," akasema.
Nikamwambia wachimbe taratibu.
Nikaenda kununua rangi ya kijivu, makopo manne,
kwa mkopo.